Bolti ya Tano

Wiki jana niliachia pale Mzee Ngigi aliponipigia simu na kuniambia maneno matano tu: "Kesho asubuhi tunafungua mguu, kuja."

Kwa wewe ambaye unanisoma leo kwa mara ya kwanza, naitwa Makokha. Ni fundi wa injini za boti hapa Ziwa Naivasha, miaka kumi na tisa sasa. Mwezi wa sita mke wangu Mercyline alinitoka. Mwezi wa nane injini niliyokuwa nikiitunza iliharibika gia katikati ya viboko, na rafiki yangu Achola, kapteni wa boti hiyo, akapoteza mguu wa kulia. Watalii watatu walitoka salama kwa sababu aliwavusha wao kwanza kwenye boti ya wenzake. Yeye akabaki wa mwisho, na kiboko hakumngoja.

Wengine mmeniandikia mkiuliza kama Mercyline amerudi. Hajarudi. Bado napima unga wa watu wawili, na huwa nakumbuka nikiwa nimeshasonga.

Alibeba kila kilicho chake, hadi chupa ndogo ya rangi nyekundu ya kucha niliyokuwa nikimwibia. Usicheke. Mimi nikishakaza bolti ya mwisho hupitisha mstari mwembamba wa rangi, nusu juu ya bolti, nusu juu ya bodi ya injini. Mstari ukikatika, najua kuna mtu amefungua baada yangu. Siri hiyo waliijua watu wawili tu, Mercyline na Achola.

Sasa, mguu. Hilo ndilo jina letu la sehemu ya chini ya injini, ile inayozama majini na kubeba gia na propela. Tumeiita hivyo miaka yote bila kufikiri. Tangu Achola akatwe wa kwake, kila mtu hapa akilitaja neno hilo hutazama chini.

Basi nilifika kwenye gati saa mbili asubuhi na begi langu la spana. Watu walikuwa wameshajaa, makapteni, akina mama wa samaki, na wale wa kukodisha laifujaketi. Injini ilikuwa imefungwa kwenye stendi ya mbao chini ya mabati.

Hakuna aliyeniambia niaje.

Nilisalimia mara moja, nikasalimia mara ya pili. Mtu mmoja akakohoa. Nimeishi na watu hawa karibu miongo miwili, nimewafufulia injini siku za Krismasi, na asubuhi hiyo nilikuwa peke yangu kuliko nikiwa nyumbani nimefunga mlango.

Akoth, mke wa Achola, alikuwa ameketi juu ya kreti ya samaki, leso mabegani. Alikuwa amekonda. Kwenye kucha zake rangi ya zambarau ilikuwa imebanduka nusu, haina mtu wa kuipaka upya. Zamani angenipigia kelele kutoka upande ule wa gati, "Shemeji, umekula?" na kabla sijajibu sahani iko mbele yangu. Mimi na Achola tulikuwa kama tumbo moja.

"Habari ya asubuhi, shemeji," nilimwambia.

"Nzuri, fundi."

Fundi. Tangu mwezi wa nane ni hivyo. Nimepanda gari kwenda hospitali kule Nakuru mara nne kumwona Achola, na mara zote nne Akoth ametoka mlangoni mwa wodi na kuniambia, "Fundi, amesema hataki kukuona." Mara ya nne niliacha ndizi kwa askari wa geti nikarudi zangu.

Mzee Ngigi alipiga kofi watu wanyamaze. Yeye ndiye mwenye boti sita za hapa, mtu wa kanisa, hapendi maneno mengi ila akianza anamaliza.

"Watu wangu, mimi nataka ukweli, basi. Kama ni injini imezeeka, huo ni mzigo yangu. Kama ni fundi alilala kazini, ataacha spana zake hapa na hataguza injini tena hii ziwa. Sawa, Makokha?"

"Sawa, mzee."

"Na Achola ni mtu wangu. Hospitali inalipwa na bima, na huo mguu wa plastiki pia bima imekubali. Kitu moja tu ndio inaweza haribu hiyo maneno." Akainua kidole. "Kapteni akifungua injini mwenyewe. Bima ilisema, na mimi nimesema mpaka nikachoka. Kazi ya kapteni ni kuendesha. Akiguza hata plagi, bima inaruka nje, na mimi siwezi beba hiyo peke yangu."

"Achola hawezi!" mtu mmoja akasema nyuma.

"Najua hawezi. Nimesema tu sheria."

Kando yake alisimama kijana aitwaye Muiruri, ovaroli safi, simu mkononi. Bima ndio walimtuma. Anatengeneza jenereta na mashine za kukata nyasi za matajiri wa mtaa wa Milimani. Wa boti? Sijui. Lakini mtuhumiwa hachagui hakimu.

"Mzee Makokha," akaniambia, "wewe fungua, mimi nacheki na kupiga picha. Ama uko na wasiwasi?"

"Wasiwasi wa nini? Shika hapa."

Nilichomoa nyaya za plagi kwanza, injini isije ikawaka na kutukata vidole. Nikanyoosha pini ya propela, nikaichomoa, nikafungua nati, nikavuta propela nje. Hapa ndipo tumaini langu la kwanza lilikuwa. Wavuvi wa hapa huacha nyuzi za nailoni majini, na uzi ukijiviringa nyuma ya propela hukata ule mpira unaozuia maji. Maji yakiingia, gia zinakufa, na hakuna fundi wa kulaumiwa. Nilikuwa nimeuombea uzi huo kama mtu anavyoombea mtoto.

Hapakuwa na uzi. Palikuwa safi kama sahani iliyolambwa.

"Hakuna kitu hapa," Muiruri akasema kwa sauti ili wote wasikie.

Tukaja kwenye oili. Mguu una skrubu mbili, ya chini ya kumwaga na ya juu ya kupitisha hewa. Sisi tuna swali letu hapo, na hata akina mama wa samaki wanalijua: strungi au ya maziwa? Oili ikitoka nyeusi kama strungi, ile chai isiyo na maziwa, mguu ni mzima. Ikitoka kama chai ya maziwa, maji yameingia.

Nilifungua ya chini. Nikafungua ya juu. Oili ikashuka kwenye beseni polepole.

"Ya maziwa," akasema mama mmoja, hata kabla beseni halijajaa robo.

Watu wakaguna. Ilikuwa na vipande vidogo vya chuma vinavyometameta. Hayo ndiyo yalikuwa meno ya gia.

Muiruri aliokota skrubu ya juu, akaigeuzageuza, akakwangua washa yake, ile pete ndogo ya kuzibia, kwa ukucha. "Buda, hii washa ni ya zamani. Imebanwa mpaka imekuwa ngumu kama mfupa. Maji imepitia hapa."

"Mimi hubadilisha washa kila nikifungua," nikasema.

"Basi hiyo siku hukubadilisha."

Hapo inabidi niwaungamie jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu. Aliyenifundisha kazi kule Kisumu aliniusia, "Makokha, fundi akitoa vyote, kesho anaomba kazi kwa mwanafunzi wake. Bakiza kimoja." Mimi kimoja changu kilikuwa washa. Injini nyingi watu hurudisha ile ile ya zamani, inashika miezi miwili, kisha inavuja. Mimi nilikuwa na mpya kwenye kopo la mafuta ya kupikia, na wakati wa kuiweka nilikuwa nageuka nikawapa watu mgongo kama mtu anayefunga zipu. Kwa hiyo injini zangu hazikuvuja, na za wengine zilivuja, na mimi nikaitwa mkono wa dhahabu.

Hata Achola sikumwambia. Alikuwa akiketi nami akingoja wageni, akinipa spana, akiuliza maswali. Nilimfundisha yote, ila hilo moja nilimgeuzia mgongo.

Sasa washa ya zamani ilikuwa mkononi mwa Muiruri, na wote walikuwa wakinitazama.

"Makokha," Mzee Ngigi akasema, "hii injini ulifanya service mwezi wa sita. Ni mimi nilikushukuru. Ulibadilisha ama hukubadilisha?"

Ningeweza kudanganya. Ulimi ulikuwa umeshajiweka tayari. Nikamtazama Akoth juu ya kreti, nikashindwa.

"Mzee, sikumbuki."

"Hukumbuki aje?"

"Ilikuwa ile wiki Mercyline aliondoka. Jumanne aliondoka. Kutoka hiyo Jumanne mpaka Jumatatu iliyofuata nilikuwa nakunywa. Sijui kulikucha saa ngapi, sijui kulikuchwa saa ngapi. Nilipofika hapa ukaniambia, 'Kazi safi, injini inalia vizuri.' Mimi sikukumbuka hata kuishika. Nikakujibu asante."

Boti iligonga gati, ikagonga tena.

"Achola alikuwa hapo kando," nikaendelea, maana nikianza kulia huwa siwezi kunyamaza. "Akacheka, akaniambia, 'Si nilikushow hata ukilewa mikono yako inajua kazi?' Nikaamini. Nilitaka kuamini. Kama ni washa, basi ni mimi. Nilifanya kazi nikiwa mlevi na nikamkata rafiki yangu mguu. Ni mimi, mzee. Msitafute mwingine."

Mercyline alikuwa akisema msiba wa kujitakia hauna kilio. Mimi nililia hivyo hivyo, mbele ya watu, na mikono yangu ina oili sikuweza hata kujipangusa.

Akoth alisimama. Nilidhani atanipiga, na kusema kweli ningeshukuru.

"Asante kwa kusema, fundi," akasema, akaketi tena.

Nikaanza kukusanya spana niziache pale kama tulivyokubaliana. Mzee Ngigi akanishika bega.

"Ngoja. Kazi ikianzwa inamalizwa. Bima wanataka mguu chini na gia kwa meza. Muiruri, fungua."

Muiruri akashika spana. Alifungua bolti mbili upande huu, mbili upande ule. Akavuta. Mguu haukutoka. Akatikisa, akavuta tena, jasho likamtoka.

"Imeshikana na kutu," akasema, akachukua nyundo.

Aligonga mara ya kwanza, aluminiamu ikalia vibaya. Akainua nyundo tena.

"Wewe! Wacha!" Sikujua hata nimeruka saa ngapi. "Utaipasua. Kuna bolti ya tano."

"Wapi? Nimetoa zote."

"Chini ya hicho kipezi kidogo, juu ya propela. Ukikitoa utaona shimo. Iko ndani."

Wanawake wawili wakacheka, hata Mzee Ngigi akafuta mdomo. Kijana wa watu akaona haya, akanipa spana. "Haya, toa wewe mzee. Yako ndiyo ya mwisho."

Nilichuchumaa. Nikaweka alama pale kipezi kilipoelekea ili kirudi vile vile, ingawa nilijua sitakuwa wa kukirudisha. Mazoea. Nikafungua kipezi, nikapangusa matope ya ziwa kwa kidole gumba, nikainamisha kichwa kuitazama bolti.

Nilitazamia kuona mojawapo ya mambo mawili. Ama mstari mwekundu mzima, ule niliopaka mwezi wa tatu Mercyline akiwa bado kwangu, kumaanisha mguu haukufunguliwa tena tangu hapo. Ama mwekundu uliokatika na pembeni yake hakuna kitu, kwa sababu mwezi wa sita chupa ilikuwa imeshakwenda na mwenyewe.

Mwekundu ulikuwepo, umekatika katikati. Juu yake ulikuwepo mstari mwingine, mwembamba, ulionyooka, nusu juu ya bolti, nusu juu ya bodi. Mzima kabisa.

Ulikuwa wa zambarau.

Nilikaa pale nimechuchumaa kama mtu aliyeshikwa na mgongo. Mimi sijawahi kuwa na rangi ya zambarau. Mlevi wa wiki nzima hapaki mstari ulionyooka namna ile. Mtu alifungua mguu huu baada yangu, akaufunga, akakumbuka hata alama yangu, akaniwekea sahihi yangu. Aliyeijua alama hiyo na kubaki hapa Naivasha Mercyline alipoondoka ni mmoja.

Niligeuza macho tu, kichwa nikakiacha pale pale. Nikaziona kucha za Akoth.

Mambo yakaanza kujipanga yenyewe. Ile wiki niliyokuwa nimelala kifudifudi, Achola alifanya kazi yangu kwa kujificha, ili Mzee Ngigi asijue sipo na asinifute kazi. Aliazima chupa ya mkewe amalize kila kitu kama ninavyomaliza mimi. Oili aliweka, grisi alipaka, bolti alizikaza sawasawa, zote tano, vile nilivyomfundisha. Washa akarudisha ya zamani. Angejuaje? Nilikuwa nimempa mgongo.

Kisha akaipeleka injini hiyo hiyo kwenye viboko.

Na kule wodini hakuwa amenikasirikia. Mwanamume mzima alikuwa amelala kitandani akiona haya kunitazama usoni, na mimi nikarudi Naivasha mara nne nikidhani nachukiwa.

Nawaapia, nilifurahi. Nisiwafiche. Kwa muda kama wa kumeza mate nilifurahi. Sikuwa mimi! Ningeinua tu kidole na kusema tazameni. Spana zangu ningerudi nazo nyumbani, kesho mtu angeniambia niaje, mama wa chai angeniuliza nimelalaje. Hamjui mtu anavyoweza kutamani kuulizwa amelalaje.

Halafu nikakumbuka kidole cha Mzee Ngigi hewani. Kapteni akiguza hata plagi.

Kidole gumba changu kikarudi juu ya bolti chenyewe.

"Makokha, mbona umesimamisha kazi?" Mzee Ngigi aliuliza. "Kuna nini hapo?"

"Matope, mzee."

"Matope gani ya kutazamwa hivyo?"

Nilisikia leso ikipita karibu na sikio langu. Akoth alikuwa ameinuka kwenye kreti na kuja kusimama nyuma yangu. Sijui alikuwa amefika hapo tangu lini, ila nilijua kwa pumzi yake kwamba aliona kabla sijafunika. Alitazama ulipo mkono wangu. Akatazama vidole vyake mwenyewe. Akavikunja polepole, ngumi zote mbili, akaziingiza ndani ya leso.

Muiruri alichuchumaa upande wa pili, akawasha taa ya simu. "Hebu toa hicho kidole, buda. Bima wanataka picha ya kila bolti."

Sikukitoa.

"Makokha," Mzee Ngigi akasema, na sasa sauti ilikuwa imebadilika, "umeona nini? Sema mbele ya watu."

Akoth aliinama karibu kabisa na sikio langu. Alinuka dawa ya hospitali.

"Shemeji," akasema.

Miezi miwili nilikuwa nimelingoja neno hilo moja, na lilipokuja kidole changu kilikuwa bado juu ya bolti, Muiruri ameinua simu, na Mzee Ngigi anavaa miwani.